Mwenyewe Hayupo

Majini ya kwenye simulizi hupenda usiku wa manane, paka weusi na milango inayolia. Hili la Handeni lilikuja saa saba mchana, siku ya Jumanne, jua likiwa utosini, likapiga hodi kama mteja mwenye adabu zake. Nadhani ndiyo maana Castory hakulitambua. Castory na adabu walikuwa hawajawahi kukutana.

Niseme mapema kabisa: huyu bwana mimi simwonei huruma. Nikimaliza kusimulia, anayetaka kumhurumia amhurumie kwa nafasi yake.

Alikuwa na stesheneri jirani na ofisi za wilaya. Kompyuta moja, printa moja, mashine ya fotokopi inayokohoa, na nyuma ya duka chumba alichoishi na mkewe Joyceline. Watu wanaofuatilia vyeti vya kuzaliwa walipitia kwake wajaziwe fomu, na hapo ndipo Castory alipojifanya mungu mdogo. Mama anatoka kijijini na mtoto mgongoni, anamwambia mtoto anaitwa Tabu. Castory anacheka mbele ya foleni nzima. "Tabu? We mama, mzima kweli? Mtoto akienda Dar aitwe Tabu?" Anaandika Tabitha. Mashaka akawa Max. Sikudhani akawa Cindy. Yule mama kusoma ni kwa shida, anashukuru, anaondoka zake, na hajui kwamba binti aliyemwita Tabu kwa sababu alimzaa njiani mvua inanyesha, sasa serikali inamjua kwa jina la mtu asiyemfahamu. Wengine walirudi kulalamika. Aliwaambia wamshukuru, amewaondolea ushamba.

Na yeye alikuwa nani? Castory Lukasi Mwenyewe. Ndiyo, Mwenyewe, ukoo wao ndio huo. Babu yake, Matayo, alikuja zamani kutoka Songea kukata mkonge kule Makuyuni, upande wa Korogwe, akaacha jina hilo kwa wanawe na wajukuu. Shuleni mwalimu akiita "Mwenyewe!" darasa zima lilipokea, "Yupo mwenyewe!" Watoto wakacheka wiki, wakasahau. Castory hakusahau. Alilibeba jina lile miaka thelathini kama mtu aliyekanyaga kinyesi na hana pa kunawia.

Mwaka huu akaamua kulitupa. Akataka kuitwa Castory Harrington. Alilitoa wapi Harrington? Kwenye shati! Shati la mtumba alilonunua gulioni, lebo ya shingoni imeandikwa hivyo. Mtu anaona aibu jina la babu yake, anakwenda kujiita lebo. Loo!

Akaandaa hati ya kiapo, akaipeleka kwa wakili, akaapa, muhuri ukagongwa. Hati ya kubadili jina kwa kawaida haina maneno mengi, lakini Castory aliiandika mwenyewe kwenye kompyuta yake na akaongeza chumvi: kwamba analikataa jina la Mwenyewe, analiacha kabisa, yeye na uzao wake, na yeyote atakayeuliza aambiwe hakuna Mwenyewe. Alirudi dukani nayo akiwa anapiga mluzi. Joyceline alikuwa chumba cha nyuma na mtoto wao wa siku thelathini na tatu, binti, wa kwanza kuishi baada ya mimba mbili kuharibika. Baba mtu alikwishampa jina lake: Kimberly. Bibi wa mtoto, mama yake Castory, kule Makuyuni, alipoambiwa kwenye simu, aliishia kusema "Kimbeli" na kuguna.

Ndipo hodi ikapigwa.

"Hodi. Mwenyewe yupo?"

Swali la kawaida. Kila anayeingia dukani kwa mtu huuliza hivyo. Castory, wino wa muhuri haujakauka, akaona hapo ndipo pa kuanzia.

"Mwenyewe hayupo," akajibu bila kuinua uso. "Hapa hakuna Mwenyewe, na hatakuwepo tena."

"Hakuna mwenyewe kabisa?"

"Nimesema hakuna! Kiswahili huelewi?"

"Nimeelewa," ikasema sauti, kwa upole. "Asante. Basi nakaa."

Castory akainua uso. Mlangoni hapakuwa na mtu. Barabarani jua tupu, na mama wa chapati, Shadya, amesinzia kwenye kibanda chake. Lakini kiti cha wateja kilikuwa kimelia kama kinavyolia mtu mzito anapokaa, na dukani kulikuwa kumeingia harufu mbichi, kali, ya majani ya mkonge yanayooza. Chumba cha nyuma, mtoto akacheka kwa sauti. Joyceline akachungulia mlangoni, amefurahi.

"Baba Kimberly, umemsikia? Amecheka! Siku zake hizi, jamani!"

"Mtoto wangu ana akili," akasema Castory, na akafungua dirisha harufu itoke.

Haikutoka.

Jumatano alikwenda kunywa chai kwa Shadya, akafunga duka kwa ufunguo. Aliporudi alimkuta mzee mmoja wa Kizigua, Mzee Hiza, anashuka ngazi na fomu mkononi, zimejazwa, zimebanwa vizuri.

"Nani kakuhudumia?" akamuuliza.

"Mwenyewe," akajibu mzee. "Mtu mwema sana. Kaniuliza jina la mjukuu nililitoa wapi, nikamweleza, kasikiliza mpaka mwisho. Wewe ndiye kijana wake?"

Castory akaujaribu mlango. Umefungwa. Akafungua, akaingia. Kwenye meza palikuwa na rundo la fomu alizojaza wiki ile, na kila pale alipoandika Tabitha palisomeka Tabu, kwa mwandiko wa kizamani wa makarani, uliolala upande mmoja. Max alikuwa Mashaka. Cindy alikuwa Sikudhani. Mtu mwenye akili angetoka mle ndani mbio. Castory alikasirika kwamba karatasi zimeharibika, akazichana, akazichapa upya. Asubuhi ya Alhamisi alizikuta vilevile, Tabu, Mashaka, Sikudhani, na kiti chake kimesogezwa kidogo, kama kimekaliwa na mtu mwenye miguu mirefu kuliko yake.

Joyceline ndiye aliyeanza kuogopa, maana ndiye aliyekuwa na kitu cha kupoteza na akili ya kulijua hilo. Mchana ule wa Alhamisi alimlaza mtoto, akatoka uani kuanua nepi. Alisikia mtu anaimba chumbani, wimbo wa polepole, wa wanaume wa kazi, wenye pumzi fupi katikati kama panga linaposhuka. Akadhani ni redio ya jirani. Aliporudi, mtoto alikuwa amefungwa kanga kwa namna ambayo yeye hakumfunga, imara, na juu ya kanga pamepitishwa uzi mweupe mgumu. Akaushika. Ulikuwa singa, uzi wa mkonge. Midomo ya mtoto ilikuwa imevimba na kuwa myekundu, kama ya mtu aliyeguswa na utomvu wa mkonge, na alipompa titi, mtoto aligeuza uso. Alikuwa ameshiba.

"Castory," akasema usiku kwa kunong'ona, "kuna mtu anamlisha mtoto."

"Wewe umechoka tu. Lala."

"Nimemnusa kinywa. Ananuka mkonge."

"Handeni nzima inanuka kitu. Lala, nimesema."

Ijumaa mtoto hakunyonya kabisa. Zahanati walimwangalia, wakatoa dawa ya kupaka midomoni, wakasema arudishwe Jumatatu. Uzito ulikuwa umepungua, lakini hakulia. Alikuwa mkimya, macho yake yanafuata kitu kinachotembea chumbani kutoka kitandani hadi dirishani, dirishani hadi kitandani. Na saa saba ilipofika Joyceline alisikia swali, karibu kabisa na sikio lake, kwa sauti ya upole ya mtu anayeuliza bei ya nyanya.

"Mtoto huyu, mwenyewe wake nani?"

Alimnyakua mtoto akakimbilia dukani. Castory alikuwa na mgeni, Mwalimu Awadhi, mwenye shule binafsi, aliyekuja kuzungumzia kazi ya kuchapa mitihani ya mwaka mzima. Mwalimu Awadhi alipenda sana jina la Harrington. Alisema linaonyesha mtu aliyetembea. Castory aliyetembea mpaka Tanga mara mbili alikuwa anaitikia kwa kichwa, na alipomwona mkewe amesimama pale na mtoto, kanga imemwanguka begani, akamkazia macho arudi ndani asimtie aibu. Joyceline akarudi. Hilo nalo siwezi kumsamehe yule bwana.

Jumamosi aliona kwa macho yake. Aliingia chumbani saa saba kuchukua chaja ya simu, Joyceline yuko bafuni, na mtoto hakuwa kitandani bali juu ya kitanda, hewani, kimo cha kifua cha mtu mzima, amelala chali, kichwa kimekingwa vizuri kama kilichokaa kwenye kiganja, anapelekwa taratibu kulia na kushoto, kulia na kushoto, na ule wimbo wa wakata mkonge unatoka mahali ambapo pangekuwa na mdomo, na harufu imejaa chumbani mpaka macho ya Castory yakatoa machozi, na alitaka kukimbia na alitaka kupiga kelele na hakuna alichofanya, alisimama tu na chaja yake, mpaka wimbo ulipokatika katikati ya neno na kile kilichokuwa kinaimba kikamgeukia, kwani alihisi kimemgeukia.

"Karibu," ikasema sauti. "Mtoto huyu, mwenyewe wake nani?"

"Ni... ni wangu mimi."

"Wewe nani?"

"Castory."

"Castory nani?"

Hata hapo, jamani. Hata hapo! Mtoto yuko hewani, na huyu mtu bado ana nafasi ya kuringa.

"Castory Harrington," akasema.

Sauti ikacheka, si kwa ubaya, kama mtu mzima anavyocheka mtoto akikosea hesabu. Kisha ikamsomea hati yake, neno kwa neno, kiapo chote, mpaka pale alipoongeza chumvi. "Yeye na uzao wake. Na yeyote atakayeuliza aambiwe hakuna Mwenyewe." Kisha ikaongeza: "Mimi niliuliza. Nikaambiwa. Kitu kisicho na mwenyewe kinaokotwa, au siyo? Jumanne mtoto anatimiza arobaini. Akitolewa nje, nitamtoa mimi."

Na mtoto akateremshwa kitandani, polepole, akafunikwa.

Castory alimpigia simu mama yake. Bibi Yusta alipanda basi la kwanza asubuhi kutoka Makuyuni, akaingia chumbani, akanusa mara moja, akakaa chini kwenye mkeka bila kuvua hata viatu.

"Shikamoo mama," akasema Castory.

"Marahaba. Umefanya nini?"

Akamwonyesha hati. Bibi Yusta aliisoma akifuatisha kwa kidole, na alipofika kwenye muhuri alianza kulia.

"Mama, ni jina tu."

"Nyamaza!" Akapangusa pua na ncha ya kitenge. "Babu yako alipofika Makuyuni hakuwa na jina. Manamba hawakuwa na majina. Karani alikuandika namba, ukiitwa ni kwa namba, ukifa namba inapewa mwingine. Sasa kulikuwa na kipande cha shamba chenye kidimbwi, watu hawakikati. Ukiuliza kwa nini, wanakwambia pale pana wenyewe. Ndivyo wazee walivyowaita wale, wenyewe, maana majini hayatajwi ovyo. Watu wawili walikwishafia pale, mchana kweupe. Unakata, jua likifika utosini unasikia mtu anakuuliza: hapa mwenyewe nani? Ukinyamaza umekwisha. Ukikimbia umekwisha."

"Na babu?"

"Nyapara alimpeleka kwa kumkomoa. Alikata peke yake tangu asubuhi, ana njaa, mikono inatoka damu. Saa saba akaulizwa. Babu yako hakujua kama ni jini au ni nyapara anamdhihaki. Alichoka, mwanangu! Akageuka na panga lake akapiga kelele shamba zima likamsikia: 'Mimi mwenyewe! Nakata mwenyewe, naumia mwenyewe, nitazikwa mwenyewe!' Basi. Kimya. Hakuulizwa tena. Jioni karani akafuta ile namba kwenye kadi yake ya kazi, akaandika Mwenyewe. Wenzake wote wana namba, yeye ana jina." Akamtazama mwanawe. "Lile jini halikufa, Castory. Lilikosa nafasi tu. Kiti kimekaliwa, lingekaa wapi? Na wewe umeinuka, tena kwa muhuri."

Joyceline aliyekuwa amemkumbatia mtoto kwenye kona akauliza kwa sauti ya chini, "Mama, sasa tufanye nini?"

"Kesho twende Kwamsisi."

Jumatatu walikwenda kwa pikipiki mbili. Kwamsisi kuna mwanamke anaitwa Bi Zuena, mganga, na kama mlitegemea mafuvu na vitambaa vyekundu mtasikitika. Walimkuta anachambua maharage kwenye ungo, redio iko wazi, anafuatilia matangazo ya mpira. Alisikiliza habari yote bila kuacha maharage. Kisha akamwambia Castory amsogelee.

"Shati lako zuri."

"Asante, Bi mkubwa."

"Hilo ndilo lenye jina?"

Castory akainamisha kichwa.

"Mjinga kabisa," akasema Bi Zuena, bila hasira. "Nimetoa majini thelathini na ushee. Mengine yaliingia kwa kutumwa, mengine kwa kurithiwa, mengine yalikanyagwa njiani. Hili lako lilipiga hodi ukalikaribisha. Mimi sina dawa ya mgeni aliyekaribishwa."

"Tukimkimbiza mtoto Makuyuni?" akauliza Joyceline.

"Utafika naye, na hilo litakuwa limefika kabla yako." Akatupa kijiwe alichokiokota kwenye maharage. "Sikilizeni. Kesho saa saba litauliza. Mlango uwe wazi, watu wapite. Alilikana jina mbele ya watu, alirudie mbele ya watu. Achane ile karatasi, na likiuliza mwenyewe nani, aseme kama babu yake alivyosema. Mimi mwenyewe. Kwa sauti. Asijiite lebo, asigugumize. Likishajibiwa, halirudii kuuliza."

"Ni hilo tu?" akasema Castory, na kwa mara ya kwanza tangu Jumamosi akatabasamu. "Maneno mawili?"

Bi Zuena akamgeukia Bibi Yusta.

"Pole, mwenzangu," akamwambia.

Jumanne ya arobaini duka lilifunguliwa wazi mlango na madirisha. Bibi Yusta alisimama kando ya mashine ya fotokopi. Joyceline alikaa kwenye mkeka amempakata mtoto, ambaye kwa siku ile alikuwa mwepesi kama nguo iliyokauka, midomo imepasuka. Castory alikuwa ameshika hati kwa mikono miwili, tayari kuichana. Saa saba kasoro dakika tano, akaingia Mwalimu Awadhi na walimu wake wawili, na makaratasi ya kazi ya mitihani.

"Bwana Harrington!" akasema kwa furaha. "Nimewaleta wenzangu wakuone."

Na Castory, mnisikilize vizuri, aliikunja ile hati akaitia mfukoni. Alisema moyoni mwake kwamba angewaondoa haraka, dakika mbili tu, wasimkute anapiga kelele kama mwendawazimu. Bibi Yusta akamwita kwa jina lake la utotoni, kwa kunong'ona, kisha akamwita tena. Hakugeuka. Akawakaribisha viti. Umeme ukakatika, feni ikasimama, na harufu ikaja safari hii kama ukuta, mpaka mwalimu mmoja akaziba pua, na barabarani Shadya akaacha kukanda unga akasimama, kwa sababu sauti ya panga linalokata jani nene ilikuwa inakuja kutoka upande wa ofisi, chwa, chwa, chwa, bila mtu, inapita kwenye vumbi, inapanda ngazi za stesheneri moja moja, na mtoto aliyekuwa hana nguvu ya kulia akanyoosha mikono yote miwili mlangoni ili abebwe.

"Hodi," ikasema sauti, na safari hii kila aliyekuwepo aliisikia. "Mtoto huyu, mwenyewe wake nani?"

Castory alimwangalia mtoto wake. Akamwangalia Mwalimu Awadhi, aliyekuwa anamtazama kwa mshangao, kalamu mkononi.

"Ni... ngoja kidogo," akasema. "Samahanini wageni, kuna tatizo dogo la..."

Mtoto akainuka kutoka mapajani mwa mama yake. Kanga ikaanguka. Joyceline akamdaka mguu mmoja, na kile kilichokuwa kinambeba kikavuta kwa upole, kama mtu anayemnyang'anya mtoto kisu, na hapo Joyceline, mwanamke ambaye katika miaka minne ya ndoa hakuna aliyewahi kumsikia akipaza sauti, alipiga kelele iliyosikika mpaka stendi.

"Wangu! Mimi! Nimembeba mwenyewe, nimemzaa mwenyewe, mwenyewe ni MIMI!"

Mtoto akamwangukia kifuani. Papo hapo akalia, kilio cha njaa, kilio kizuri cha mtoto mzima, na akaanza kutafuta titi kwa mdomo wake uliopasuka.

"Haya," ikasema sauti. Ilionekana kuridhika. "Huyu ana mwenyewe." Kiti cha wateja kikalia. "Na wewe, kijana? Mwenyewe wako nani?"

"Ni wangu!" akalia Bibi Yusta. "Nimemzaa mimi, niachie!"

"Mama, ulikuwa mwenyewe wake mpaka Jumanne iliyopita. Amekukana wewe na baba yake na babu yake, karatasi iko mfukoni mwake. Ajibu mwenyewe."

Castory akafungua mdomo. Wote walioshuhudia wanasema safari hii alitaka kweli, mishipa ya shingo ilimsimama, jasho lilimtoka kama mtu anayebeba gunia. Lakini alikuwa ameapa kwamba jina lile ameliacha kabisa, na kumbe katika mambo yote ya maisha yake hicho ndicho kiapo pekee kilichomshika. Ilitoka "Ha", kisha "Harri", kisha pumzi tupu. Umeme ukarudi, feni ikaanza kuzunguka. Harufu ikaisha. Castory akanyoosha shati lake, akakaa kwenye kiti chake, akakisogeza nyuma kidogo kwa ajili ya miguu, na akamwambia Mwalimu Awadhi kwa upole, "Karibu, mzee. Nikusaidie nini?"

Joyceline alihamia Makuyuni jioni ileile na mama mkwe wake. Mtoto alinenepa. Wakamwita Yusta, jina la bibi yake, na hakuna aliyelicheka. Stesheneri haikufungwa, ina wateja kuliko zamani, watu wanatoka hata vijiji vya mbali. Wanasema yule bwana amebadilika, ana subira, anakuuliza jina la mtoto ulilitoa wapi, na ukimwambia Tabu anaandika Tabu. Watu wa mjini wanamsifu! Nyie watu mnafurahishwa na vitu vidogo.

Miezi saba ilipopita, Joyceline alikwenda Handeni kufuatilia cheti cha mtoto. Zilikuwepo stesheneri nyingine. Alikwenda pale kwa sababu alitaka kuona, na alijipanga kwenye foleni kama wengine, mtoto mgongoni, mpaka zamu yake ikafika.

"Karibu, mama," akasema yule bwana kwa sauti ya mumewe. "Jina la mtoto?"

"Yusta."

"La nani?"

"La bibi yake."

Akaandika, mwandiko umelala upande mmoja. "Ukoo?"

"Mwenyewe."

Mkono haukusita. "Jina la baba?"

Joyceline alikuwa ameliwaza swali hilo tangu Makuyuni. Akamtazama usoni, kovu dogo la nyusi analolijua, shingo anayoijua, tai iliyofungwa vizuri kuliko Castory alivyowahi kufunga.

"Baba yake ni marehemu," akasema.

"Pole sana. Aliitwa nani?"

"Castory."

Kalamu ikaandika C, ikaandika a. Na jicho la kushoto la yule bwana likajaa, likafurika, chozi likashuka mpaka kwenye kidevu, huku jicho la kulia, kavu, tulivu, likiendelea kufuata mstari wa fomu mpaka herufi ya mwisho. Joyceline aliliona. Alijua ni la nani, na alijua mwenye chozi amesikia alichosema.

Bwana akagonga muhuri, akampa fomu kwa mikono miwili. Joyceline akaikunja, akasema asante, akamkaza mtoto mgongoni, na akatoka bila kugeuka.